Vikombe Ishirini na Vitatu

Jambo la kwanza ambalo mtayarishaji wa filamu anapaswa kulijua, kabla ya kamera na kabla ya hadithi, ni choo kiko wapi. Msicheke. Mkipanda ukingo wa Ngorongoro na watu ishirini, kila mmoja akajiendea kichakani peke yake kwa haja yake, mtashuka na watu kumi na tisa. Nyati hana habari kwamba ninyi ni wasanii.

Nawaandikia ninyi vijana wa Karatu mlionijia nyumbani na kamera zenu ndogo kama kiberiti, mkakalia viti vyangu, mkanywa chai yangu, mkaniomba siri ya kazi. Mimi nilisoma mpaka darasa la nne, na hilo la nne lenyewe sikulimaliza, kwa hiyo mwandiko wangu mtauvumilia. Siri mliyoitaka ni hii: nilikuwa naogopa. Miaka yote ile niliogopa kuanzia asubuhi mpaka jioni. Niliogopa mvua, niliogopa wazee, niliogopa petroli kuisha njiani, niliogopa ukungu kuliko vyote. Siku moja tu nilisahau kuogopa, kwa muda usiozidi kuchemsha yai, na siku hiyo ndiyo iliyonifanya niandike. Lakini sitawapeleka huko moja kwa moja. Kuna mambo inabidi muyajue kwanza, la sivyo mtaniona mjinga zaidi ya nilivyokuwa.

Sikuanza na filamu. Nilianza na sufuria. Wazungu walikuwa wanakuja kupiga sinema za wanyama, wanakaa kambini juu ya kreta wiki tatu, wiki nne, wakisubiri simba aamke. Mimi nilikuwa msaidizi wa mpishi wao, mzee mmoja wa kwetu, Mwiraqw, jina lake Amnaay. Huyu ndiye mwalimu wangu. Hakuwahi kunisifia hata mara moja. Alinifundisha kuamka kabla ya wenye kazi na kulala baada yao. Alinifundisha kunusa. "Ukisikia harufu ya zizi mahali pasipo na zizi," aliniambia, "acha kuni hapo hapo, rudi nyuma. Usigeuke. Rudi nyuma." Hiyo ndiyo harufu ya nyati. Mpaka leo nikipita karibu na banda la ng'ombe la jirani ghafla, mwili unasisimka.

Pale kambini nilimwona mama mmoja wa Kizungu ambaye hakushika kamera hata siku moja. Kutwa anazunguka na daftari. Chakula kipo? Gari lina mafuta? Fulani yuko wapi? Nikamwuliza Amnaay, huyu kazi yake nini? Akasema, "Huyo anaogopa kwa niaba ya wenzake. Wao wanatazama simba, yeye anawatazama wao." Nikaona kumbe hiyo kazi naiweza. Nilikuwa naifanya nyumbani kwangu bure.

Miaka ikapita, akatokea Elisante. Huyu alikuwa kijana wa Arusha aliyewahi kuzunguka vijijini na gari la sinema la serikali. Aliacha, akapata kamera kuukuu kwa mgeni mmoja aliyekuwa anaondoka nchini. Kamera ile haikuwa na betri. Unaikaza kwa mkono kama saa ya mezani, inakwenda nusu dakika hivi, inasimama yenyewe. Unakaza tena. Kwa hiyo filamu zetu zote zilikuwa za vipande vya nusu dakika, na watu wa mjini walidhani ni ufundi.

Elisante alikuwa na jicho. Hilo sitamnyima. Lakini alikuwa hawezi kupanga hata safari ya kwenda sokoni. Akaja kwangu, akasema, "Mama, nataka tutengeneze filamu zetu wenyewe. Mimi nipige, wewe utayarishe." Nikamwambia mimi najua kutayarisha ugali. Akasema, "Ni hivyo hivyo, ila watu ni wengi zaidi." Tukaanza. Hatukuwa chini ya serikali wala kanisa wala mzungu. Mmoja anatupa Landrova yake wiki moja, mwingine gunia la mahindi, mwingine kondoo. Dereva alikuwa Tluway, binamu wa marehemu mume wangu, mtu mwenye mdomo mrefu na breki fupi.

Jueni pia kwamba sisi hatukuwa tunaona tulichopiga. Ninyi mnageuza simu mnaangalia. Sisi mikanda ilikuwa inapelekwa kusafishwa nje ya nchi, na mpaka wa Kenya ulipofungwa njia ikawa ndefu zaidi. Miezi mitano, sita, unakaa hujui kama ulipata picha au ulipata giza. Mara moja tulipiga hadithi ya zamani, ya enzi za mababu, na iliporudi tukamkuta Tluway anapita nyuma na debe la maji na kofia yake ya pama. Si katika kipande kimoja. Katika vinne.

"Tluway, wewe ulikuwa unatafuta nini huko?"

"Ayo, wewe mwenyewe ulisema maji yasikose."

Ayo ni mama, kwa Kiiraqw. Aliniita hivyo kila alipojua amekosea.

Na mkanda wenyewe ulikuwa haupatikani. Tulikuwa tunaulinda kama mbegu. Niliutunza ndani ya sanduku la bati, sanduku ndani ya blanketi, blanketi ndani ya Landrova. Ukipata unyevu umekwisha, na hakuna mwingine. Shikeni hilo, maana ndilo lililoniponza.

Sasa habari ya vikombe.

Mwaka ule Elisante alitaka filamu ya mama wa Kimasai ambaye mtoto wake anaugua surua, mume yuko mbali na mifugo, naye anambeba mgongoni na kutembea kwa miguu kwenda hospitali ya Endulen. Hadithi ndogo, ya kweli, kila mtu kule aliijua. Tukaenda kwa Mzee Saning'o, ambaye boma lake lilikuwa juu, upande wa njia ya Endulen, pale nyasi zinapokutana na msitu. Nilikaa pale siku mbili nikinywa maziwa kabla ya kusema nimekuja kufanya nini. Siku ya tatu akakubali. Akatupa ng'ombe wake waonekane, akatupa wake za wanawe waigize. Aliyechaguliwa kuwa mama alikuwa mke mdogo wa mwanawe, binti wa miaka kama ishirini, mwenye mtoto wake mwenyewe wa miezi saba. Tulimwita Mama Lemayian, kwa jina la mtoto.

Asubuhi ya kwanza niliwapanga watu wote mstari ili nijue nina wangapi. Nikaanza kuhesabu kwa kidole. Mzee Saning'o akaja, akanisalimu kama mkubwa anavyomsalimu mwanamke mdogo kwake.

"Takwenya."

"Iko."

"Unafanya nini na hicho kidole?"

"Nawahesabu, Mzee, nisije nikamwacha mtu."

"Kwani tumekuwa wengi mno?"

Watu wakacheka. Yeye hakucheka. Akaniambia hapo kwake mtu hahesabiwi, wala ng'ombe hahesabiwi. Kumhesabu mtu ni kumwonyesha kwa kitu kinachomtafuta. Nikamwuliza, sasa ng'ombe mmoja akipotea mnajuaje? Akanitazama kwa huruma.

"Tunawatazama. Asiyekuwepo anaonekana."

Mimi sikuwa na macho hayo. Nilikuwa na watu wa maboma matatu, wote wamevaa mashuka, sura nyingine nimeziona jana tu. Nikatafuta njia yangu. Nilikuwa na vikombe vya bati. Kila mtu akifika asubuhi anapewa kikombe cha chai ya maziwa, na kikombe hicho ni chake kutwa. Jioni akipanda gari anakirudisha. Nikihesabu vikombe sijamhesabu mtu. Mzee aliposikia akasema, "Wewe ni mjanja." Nikajisikia nimefaulu mtihani. Nilikuwa na vikombe ishirini na vitatu, na wiki nzima jioni nilipata ishirini na vitatu. Nikaanza kuviamini.

Ikaja siku ya kipande kikubwa. Elisante alitaka mama aonekane kwa nyuma, akitembea kwenye nyasi kuelekea msituni, mpaka awe mdogo kabisa. Ukungu ulikuwa umekaa mbali, juu ya miti, kama pazia lililokunjwa. Elisante aliutazama akasugua mikono. Mimi niliutazama nikamvuta mkono.

"Elisante, huo unashuka."

"Ndiyo ninaoutaka, Mama. Unashuka taratibu. Nusu dakika tu."

Saa tisa ilikuwa imepita. Baridi ilikuwa kali, kwa hiyo mtoto mwenyewe tulimwacha na wifi wa mama yake, mwanamke aliyeitwa Nolari, chini kule kwenye magari. Mgongoni mwa Mama Lemayian tukafunga shuka iliyokunjwa, kwa mbali ionekane kama mtoto. Yeye Kiswahili chake kilikuwa kidogo, na alikuwa amenizoea mimi kuliko wengine, akiniita Yeyo, yaani mama. Nikamshika mabega, nikamgeuza kuelekea msituni.

"Tembea moja kwa moja. Usigeuke nyuma, ukigeuka picha imeharibika. Usisimame mpaka nikuite."

"Utaniita wewe, Yeyo?"

"Nitakuita mimi."

Akaenda. Alitembea vizuri yule binti. Alitembea kama mtu aliyebeba kitu cha thamani. Elisante akakaza kamera, ikaanza kuunguruma, na ukungu ukaanza kuteremka kwenye miti, ukaingia kwenye nyasi, ukamfuata. Kamera ikasimama. Elisante akaruka. "Tumepata! Mama, tumepata!" Wakati huo huo matone yakaanza kutupiga usoni, ule ukungu wa kule unaolowesha kama mvua. Elisante akavua koti akaifunika kamera. Akautoa mkanda chini ya koti, akanitupia kopo lake. "Unyevu! Kimbia!"

Nikakimbia.

Naomba msome hapo mara ya pili. Nilikuwa na kopo kifuani, nimelikumbatia kama mtoto, na nilikimbia mpaka kwenye Landrova, nikalitia kwenye sanduku, sanduku kwenye blanketi, nikashusha pumzi. Nikasikia raha. Hiyo ndiyo dakika ninayoisema, ambayo sikuogopa.

Chini kule watu walikuwa tayari wanagombania lori, tulilokuwa tumeazima, na Landrova, maana ukungu ulikuwa umekula barabara. Tluway anapiga kelele, "Pandeni, pandeni, hapa tukikaa tutalala na fisi!" Nikasimama mlangoni na boksi langu, vikombe vikaanza kurudi. Nolari akaja na mtoto mgongoni, mkononi ana vikombe viwili, chake na cha wifi yake, aliyekuwa amemwachia amshikie wakati yeye anafungwa shuka. Mdogo anakusanya vya wakubwa, na wenzi wanachukuliana, ndivyo adabu ilivyo. Nikavipokea vyote viwili. Ishirini na mbili, ishirini na tatu. "Twende," nikasema. Nilisema mimi.

Gari katika ukungu ule linakwenda mwendo wa ng'ombe, na kweli ng'ombe wa mzee, waliokuwa wamegeuzwa nyumbani mapema, walifika bomani pamoja nasi. Tulipozima injini nikamsikia mtoto analia. Analia kile kilio cha njaa, cha kujikunja. Nolari alikuwa anambembeleza.

"Mpe mama yake anyonye," nikamwambia.

"Mama yake yuko kwenye lori."

Nikaenda kwenye lori. Wanawake walikuwa wanashuka, wanakung'uta mashuka. "Mama Lemayian yuko wapi?"

"Si yuko na ninyi kwenye Landrova?"

Mtu mmoja akacheka, akidhani nafanya utani. Halafu hakuna aliyecheka. Nikafungua boksi, nikavimwaga vikombe vyote kwenye nyasi, nikavihesabu nikiwa nimepiga magoti.

"Haiwezekani," nikasema. "Vimetimia. Nimehesabu."

Mzee Saning'o alikuwa amesimama juu yangu na fimbo yake.

"Umehesabu vikombe," akasema.

Halafu akauliza kwa Kimasai, Nolari akatafsiri: nani alimwambia aende? Na nani alimwambia arudi? Elisante akanitazama mimi. Mimi nikatazama chini. Mtoto analia.

"Niliyemwambia aende ni mimi," nikasema. "Wa kumwita arudi nilikuwa mimi. Sikumwita."

Tluway hakungoja. Alikuwa ameshawasha gari. Tukarudi, mimi na Elisante na wamorani wawili na mikuki, taa zinagonga ukungu na kurudi kwetu. Ilikuwa saa kumi na nusu. Kule juu, chini ya miti, saa kumi na mbili ni giza kabisa, na giza la kule hakuna mtu anayeingia kumtafuta mtu. Kila mmoja ndani ya gari alijua.

Tulifika pale alipoanzia. Alama za miguu zilikuwa zinaingia kwenye nyasi, halafu hakuna. Tluway akapiga honi. Elisante akaita. Nikaita mimi. "Mama Lemayian! Rudi! Ni mimi, rudi!" Ukungu ule unameza sauti, unaweza kusema umeitia kwenye pamba. Tunaita, tunasubiri. Honi. Tunaita. Nusu saa nzima. Nilianza kumwita kwa kila jina, nikamwita kwa Kiswahili, nikamwita kwa Kiiraqw ambacho hakijui. Kichwani nilikuwa namwona anatembea. Hilo ndilo lililonitesa: kwamba bado anatembea moja kwa moja, hageuki, kwa sababu nimemkataza.

Ghafla Tluway akanishika mkono.

"Ayo. Nyamaza."

"Umemsikia?"

"Nusa."

Harufu ya zizi. Na hatukuwa na zizi. Wale wamorani walikuwa wameshainua mikuki. Mbele yetu, sijui hatua kumi au thelathini, kitu kikubwa kilipumua kupitia puani, na nyasi zikakatika. Halafu kingine, kushoto. Kundi zima lilikuwa limelala ndani ya ukungu na sisi tulikuwa tunalipigia honi.

Hapo ndipo tukasikia kengele. Kengele za ng'ombe, nyuma yetu, zinakuja polepole. Mzee Saning'o alikuwa amegeuza ng'ombe wake. Ng'ombe waliokwisha kufika nyumbani jioni, wanawake wameshashika vibuyu vya kukamulia, hawarudishwi nje. Kwa mzee yule huko ni kuliambia boma lake kwamba halina kesho. Aliwarudisha. Akatokea kwenye ukungu ameshika fimbo, hana haraka.

"Zima gari," akamwambia Tluway. "Na ninyi mnaopiga kelele, mnawafukuza nyati waende wapi? Mnajua yeye yuko wapi?"

Hatukujua. Hatukuwa hata tumefikiri.

"Kama amekufa hawezi kuwasikia. Kama ni mzima na hajaitika, ana sababu. Nyati hana wasiwasi na ng'ombe. Ng'ombe wakija taratibu, na yeye ataondoka taratibu." Akamwonyesha kwa fimbo ng'ombe mmoja mwekundu mwenye kengele ya sauti nzito. "Huyo ndiye ambaye mke wa mwanangu humkamua. Kengele hiyo ataijua." Kisha akanitazama. "Wewe utatembea na mimi."

Nilimfuata. Sitawadanganya kwamba nilikuwa shujaa. Nilishika mkia wa ng'ombe, nimefumba jicho moja, kana kwamba nikiona nusu nitaumizwa nusu. Miguu ilikuwa inakwenda yenyewe. Kengele zinalia, ng'ombe wanang'oa nyasi, wanasogea. Mzee anapiga mluzi mdogo, ule wa kila siku, wa malishoni. Nikasikia upande wa kulia vishindo vizito vinaondoka, havikimbii, vinaondoka tu, na matawi yanavunjika. Nikajikojolea. Nimeandika, na sifuti.

Tukaingia kwenye miti. Mwanga ulikuwa umebaki kidogo, wa rangi ya majivu. Tukasimama, kengele zikasimama. Mzee akapiga mluzi tena. Ng'ombe mwekundu akatikisa kichwa, kengele ikalia peke yake.

Akatoka kule. Hakukimbia. Alitoka nyuma ya mti mkubwa uliokuwa umeanguka, akaja akaweka mkono juu ya shingo ya yule ng'ombe, akatembea naye, kama anatoka malishoni. Shuka iliyokunjwa bado ilikuwa mgongoni mwake, imefungwa vizuri. Uso wake sikuweza kuutazama.

Alinifikia. Akasema, kwa sauti ya chini, kwa kile Kiswahili chake kidogo.

"Nilikusikia, Yeyo. Yote nilisikia. Nyati alikuwa kati yetu. Mimi hapa, yeye pale. Kila ukiita, anainua kichwa."

Nikakaa chini kwenye majani yaliyolowa. Wakati wa kumwita sikumwita, na wakati wa kunyamaza nikampigia kelele nusu saa nzima, na kila sauti yangu ilikuwa inamwinua yule mnyama.

Alirudi kwa miguu, pamoja na ng'ombe. Gari alilikataa. Bomani akampokea mwanawe, akageuka ukutani, akamnyonyesha. Mzee hakunitukana, na nilitamani anitukane. Asubuhi aliniambia tumalizie kazi yetu, maana alikuwa ametoa neno lake, lakini mke wa mwanawe haendi tena peke yake mbele ya kile chombo. Tukamalizia kwa siku mbili.

Tangu siku hiyo nilibadilisha utaratibu, na huu ndio mnaoweza kuuchukua. Kikombe kinatoka mkononi mwa mwenyewe, na ninamtazama machoni anapokitoa. Mtu akiniletea viwili, navikataa vyote viwili, hata awe mama mkwe wangu. Anayemwambia mtu "nenda" habebi kitu kingine chochote mpaka amwambie "rudi": si kamera, si mkanda, si mwavuli. Mkanda ukilowa ulowe. Mwanzoni watu walinung'unika kwamba nimekuwa polisi. Wanung'unike. Ninyi mna simu za kupigiana, mnadhani hilo halitawapata. Kule ninakokusema simu hazishiki mpaka leo, na ukungu haujabadilika.

Mikanda ilirudi baada ya miezi mingi. Elisante aliitazama kwa mashine yake ya mkono, akaja kwangu mbio kwa furaha. Kile kipande kilikuwa kimetoka. Nikakitazama. Ni kweli, katika maisha yangu sijaona picha nzuri kama ile. Mama anatembea, mtoto mgongoni, ukungu unashuka, unamfungulia njia, unamfunga. Nikamwambia akikate.

"Mama, nikikata hicho hakuna filamu. Hicho ndicho filamu."

"Kikate."

"Yeye ni mzima! Hakuna kilichompata!"

Tukagombana siku nne. Mwisho nikasema, hakionyeshwi kwa mtu yeyote mpaka mwenyewe akione, na atakachosema ndicho. Tukaenda. Tuliomba darasa la shule moja kule upande wa Endulen, siku watoto wapo likizo, tukaziba madirisha kwa mablanketi, jenereta tukaiweka nje. Alikuja na Nolari na mzee, na mtoto sasa anatembea kwa kujishika kwenye madawati. Nikakaa kando yake kwenye benchi.

Alijiona. Kwanza aliziba mdomo kwa shuka, akacheka kidogo na Nolari, wanaonyeshana, tazama shanga zako, tazama unavyotembea. Kisha kikaja kipande kile. Hakucheka tena. Nilikuwa namtazama yeye, siyo ukutani. Nilikuwa nimejiandaa kwa kila neno. Akisema kikatwe, mkasi nilikuwa nao mfukoni.

"Kipo hivyo," nikamwambia. "Sema. Tukitoe?"

Akatikisa kichwa, kwamba hapana. Macho yake hayakutoka kwenye ule mwanga.

"Mwache," akasema. "Tazama anavyotembea, Yeyo. Haogopi. Huyo anajua utamwita."

Kule ukutani alikuwa bado anakwenda.